Umbo la Wawili

Mwaka ule barabara ya Varniai ilikuwa tope tupu.
Skirmantė alishuka basi na kinasa sauti
kizito kama ndama,
madaftari manne, penseli kumi, soksi za akiba.
Profesa alimwagiza kutoka Vilnius:
Nitafutie umbo la wawili. Uone kama lingali hai.

Maana zamani, kabla Kilatini hakijawa Kilatini,
kitenzi kilikuwa na mikia mitatu:
mmoja wa mtu pekee, mmoja wa watu wengi,
na katikati yake mkia wa wawili,
wa macho, wa mikono, wa maksai chini ya nira moja,
wa mtu na mwenziwe.
Karne zikautafuna. Warumi walibakiza makombo,
neno la mbili na neno la zote mbili, basi.
Waslovenia wanao hadi leo, hununulia mkate.
Na huku Žemaitija, ilisemekana,
bibi mmoja mmoja bado anao,
kama sarafu ya mfalme asiyekumbukwa
iliyosahauliwa kwenye pindo la gauni.

Wewe usomaye, usicheke.
Unayo chembe yake kinywani:
humwambii mtu mmoja "twendeni".

Barbora Žvinklienė, miaka themanini na mmoja,
alimpa supu ya kabichi, akakataa kuikaribia mashine.
"Jina lako, bibi?"
"Si umeliandika?"
Kweli limeandikwa. Žvinklys ni mume, ndiye mzizi;
-ienė ni mke, kiambishi kilichoning'inia.
Mzizi umelala makaburini miaka kumi na moja.
Anupras, alikuwa akikata barafu ziwani.
Kiambishi kinamenya viazi.

Skirmantė aliuliza kwa kufuata orodha, kama alivyofundishwa.
Bibi, unasemaje: sisi tunabeba?
"Sisi nani?"
Sisi tu. Wewe na wengine.
"Wengine wapi? Siku za mavuno, nešame. Siku hizo tulikuwa wengi."
Na wakiwa wawili?
Ganda la kiazi likazidi kurefuka, halikatiki,
likagusa sakafu.
Bibi hakujibu.

Alfajiri, kupitia dirisha lenye ukungu,
Skirmantė akamwona anakwenda kisimani.
Ndoo mkono wa kulia.
Mkono wa kushoto umeachwa mbali kidogo na mwili,
vidole vimekunjika, kama vimeshikwa.
Einava, aliiambia njia.
Twende.
Na aliporudi, maji yakimwagikia viatu vya mbao:
Nešava.
Hapakuwa na mbuzi. Hapakuwa na mbwa.
Kinasa sauti kilikuwa ndani ya begi lake.

Ripoti ilisema: kitenzi, nafsi ya kwanza, uwili.
Mifano miwili. Shahidi mmoja.
Chini kabisa palikuwa na swali, Linatumika baina ya watu wangapi?
Hapo penseli ilikaa mpaka ncha ikatoboa karatasi.
Mwishowe akaandika: mmoja.
Profesa alipigia mstari mwekundu.
Pembeni akaandika: haiwezekani kisarufi.

Alikuwa sahihi, nadhani. Sarufi huhesabu wanaoonekana.

Mwezi wa tatu, Vilnius, theluji imekuwa uji mweusi barabarani.
Tiketi mbili za tamthilia juu ya friji.
Vygandas amevaa koti tayari, bado anasoma gazeti,
ukurasa wa michezo, kama kila jioni,
kama mtu anayesubiri kuitwa na daktari.
Skirmantė alisimama mlangoni, ufunguo mkononi.
Einava, akasema.
Neno lilikuwa na baridi ya kisima.

Vygandas aliinua kichwa.
"Unaongea kama nyanya yangu."
Kisha akatazama nyuma ya mkewe,
kwenye korido, polepole,
kama anayehakikisha hakuna mtu wa tatu,
akakunja gazeti,
akazima taa.