Tumbo, Mara Hamsini na Tatu

Kazi yangu ni kusimama.
Saa nane kwa siku, chumba cha tatu, jumba la sanaa la Pueblo,
viatu vya raba, redio kiunoni,
na sentensi moja: Hatua moja nyuma, tafadhali.
Tazameni mpendavyo, ila msimguse.

Yeye ni Mama Yetu wa Guadalupe, au siye.
Hilo ndilo lililowaleta watu barabarani.

Yesenia Archuleta, binti wa mchomelea vyuma,
amemchora akiwa ametoka zamu.
Joho lake la nyota ameliangika kambani,
linachuruzika, na kila tone linalodondoka ni nyota.
Miguu imo ndani ya beseni la bati lililobonyea ukingo,
beseni mahali pa mwezi.
Malaika, yule wa kule chini, kashika taulo na anasinzia.
Na tumbo li wazi.
Si tumbo la kalenda.
Ni tumbo lililokwisha kubeba na kutua mzigo,
lenye michirizi kama mito mikavu itazamwapo toka angani.

Askofu ameandika barua.
Gazeti limechapa KUFURU kwa herufi nene kama ngumi.
Mtu alinipigia simu nyumbani, jina hakutaja,
akaniuliza mshahara wangu unatoka kwa shetani yupi.
Yesenia naye alikuja mara moja, kofia hadi kwenye nyusi,
akasimama mbele ya kazi yake kama mgeni.
Nikamwambia, Hatua moja nyuma, tafadhali.
Akarudi nyuma. Akacheka. Kisha hakucheka.

Nje, kwenye theluji ya Desemba, wanasali rozari.
Dada yangu Ofelia ndiye anayeongoza,
namjua kwa kikohozi chake kati ya tendo na tendo.
Kioo hakizuii sauti ile:
umebarikiwa kuliko wanawake wote,
na Yesu mzao wa tumbo lako.
Wa tumbo lako. Wa tumbo lako.
Nimehesabu, maana sina jingine la kufanya:
rozari moja, tumbo mara hamsini na tatu,
na hakuna anayeona haya kulitaja.

Mimi pia ni mtu wa kusali. Simcheki yeyote.
Yule wa zamani yuko juu ya friji yangu, na mshumaa wake.
Ndiye niliyemlilia mwaka ule mtoto wangu alipozaliwa kimya.
Nililia, lakini alikuwa amevaa mpaka vidoleni,
nikaona haya kumwonyesha lilipo jeraha.
Huyu wa chumba cha tatu ningemwonyesha.
Ni hilo tu. Sijui kama ni dhambi.

Siku ya tisa Ofelia aliingia.
Choo walichowekewa nje kilikuwa kimeganda.
Njia ya msalani inapita kwangu, hakuna nyingine.
Alipita kiganja kakiweka shavuni kama pazia.
Wakati wa kurudi kiganja kilichoka.

Niliona macho yake yakipanda, yakilikimbia tumbo,
yakashuka hadi sakafuni mwa picha.
"Lile beseni," akasema.
"Pale lilipobonyea. Kama la Mama, lile alilomrushia Baba."
"Mtaa wetu mzima mabeseni yalibonyea," nikamjibu.

Akasogea. Kengele ikalia.
Nilipaswa kuitoa sentensi yangu; mdomo ulikuwa mzito.
Akaitoa yeye, kwa sauti ndogo,
Hatua moja nyuma,
akarudi, akakaza shali, akatoka kwenye theluji,
akalianza tendo la nne pale walipokuwa wamemngoja.

Nilisikiliza kutoka kwenye nafasi yangu, mikono nyuma.
Alipolifikia neno lile
alikawia.
Labda kilikuwa kikohozi.