Mai Mumeyatia Wapi?

Barke amepiga simu ya video baada ya alasiri.
Kwake ni saa tatu usiku, naye yuko chini ya ardhi.
Simu nimeishika mimi, maana vidole vya Baba
vimeota sugu za sururu, kioo hakivitambui.
Tumeketi darini, Langoni. Miguu yake
imo ndani ya beseni, mchanga wa Shela
unatua taratibu.

Hiki ndicho kituo, asema. Cha mwisho
kwenye reli iliyovutwa mwaka huu hadi ukingoni mwa jiji.
Ngazi zapanda zenyewe, hazina wa kumpandisha.
Sakafu imesuguliwa hata imemeza dari.
Milango ya kutokea ni minne: A, B, C,
na D iliyofungwa kwa utepe,
kwa kuwa juu yake hakuna barabara bado,
kuna shamba la kabichi
na kibanda cha mwenye kabichi.

"Abiria wako wapi?"
"Hawajajengewa nyumba," Barke akacheka.
"Kituo kimetangulia, mji unakuja nyuma."

Nikakumbuka kichochoro chetu:
punda wawili wakikutana, mmoja hurudi kinyumenyume
hadi kwenye daka la watu, na madumu yake yote.
Sisi mji ulitangulia, tena zamani.
Bomba ndilo lililo njiani.

Baba hayo hakuyasikia. Ameinamia kioo
kama anavyoinamia mdomo wa kisima kabla hajashuka.
"Mumetimba pima ngapi?"
Barke akapiga hesabu. Mita ishirini na mbili.
Pima kumi na mbili.

Baba kimya.
Kisima chake kirefu kuliko vyote kilikuwa pima nne,
na ya nne ndiyo iliyomfunika Shekuwe
kamba ikiwa bado mkononi mwa Baba.

"Na mai?" akasema. "Mai mumeyatia wapi?"

Barke akaeleza: zege, kuta nene,
utando mweusi usiopitisha tone,
pampu mbili, moja kazini, moja akiba.
Alieleza vizuri. Sauti yake
ilikuwa ya chumba cha mtihani.

"Eka simu ukutani."
"Ukuta upi, Baba?"
"Wa mwisho. Ule usio na picha."

Kioo kikawa cheusi. Baba akalaza sikio
kwenye kiganja changu, ndevu zikanichoma.
Maji ya beseni yakatulia. Huko chini mtaani
hata kijana wa madumu alinyamaza, sijui kwa nini.
Mimi nilisikia mvumo tu,
kisha viatu, kisha mwanamume akiuliza jambo kwa Kichina,
na Barke akimjibu kwa adabu,
sentensi ndefu yenye kupanda na kushuka.

"Pavuya," Baba akasema.
"Baba! Kituo kina miezi mitatu!"
"Pavuya. Kushoto kwako. Tone,
halafu tone. Tafuta."

Picha ikarudi ikiyumba: nguzo, benchi, nguzo,
tangazo la chai, mashine ya tiketi imesinzia, nguzo,
na nyuma ya nguzo ya saba
beseni la plastiki, jekundu, pacha wa letu,
limetandikwa kitambaa ndani
ili tone likianguka lisiseme.
Kando yake mlinzi mwenye kofia,
amesimama kama mtu aliyefumaniwa.

Hakuna aliyejua la kusema, kwa lugha yoyote.
Barke alikuwa akilitazama lile beseni
kama anayelisoma.
Ndipo Baba akanyanyua mguu mmoja,
ukichuruzika, akauleta mbele ya simu,
akauchezesha vidole.
Sijui alikusudia nini.
Mlinzi aliangalia, akavua kofia,
akacheka hadi akashika nguzo.

Kisha mtandao ukakatika,
na Baba akaniomba taulo.