Kule

Idara yetu ilikuwa chumba kimoja nyuma ya ghala la pamba,
Kasese mjini, viti viwili, kimoja hakina mgongo.
Mlangoni Daktari Kabugho aliandika kwa chaki:
ELIMULIO.
Na chini yake, kwa herufi za kuinamia:
namna mlio unavyovuta, unavyokunja, unavyomega muda.
Mvua ikifuta, mimi huandika upya.
Hiyo ndiyo kazi niliyoajiriwa kwanza.

Ya pili ilikuwa kushika saa.
Nilishika saa kando ya kinu cha mihogo:
mchi ukipigwa na wawili kwa zamu
asubuhi hupungua kwa kiasi cha kikombe cha chai.
Nilishika saa chini ya kengele ya kanisa iliyopasuka
(ufa wake huichelewesha Jumapili, jedwali tunalo).
Nilishika saa kitandani pa mtoto mwenye kikohozi.
Hapo Daktari akasema, funga daftari,
hili usiliandike.

Kisha tukapanda Kilembe.

Mgodi ulifungwa kabla sijazaliwa,
lakini saa moja asubuhi watu wazima wa kambini
hugeuza shingo, wote, hata aliye msalani,
kuelekea king'ora kisicholia.
Mbambu huinjika maji dakika ileile
kwa mume aliyeingia zamu ya mwisho, asitoke.
"Mlio umekufa," Daktari alininong'oneza,
"deni lake la muda bado linalipwa."
Akacheka. Mimi sikucheka, nilikuwa nahesabu.

Mpuliza king'ora alikuwa Kule,
mkali, mvuta kiko, kiziwi:
miaka ishirini na mitatu chini ya honi, na pensheni hakuna.
Tukamwuliza kwa maandishi:
kililia kwa muda gani?
Akajibu kwa sauti ya mtu asiyejisikia, nusura dari iinuke:
"MPAKA WA CHINI KABISA AWE AMESIKIA!"
Basi elimu yetu ikapata kizio.
Tukakiita kule.
Wanafunzi wa Kampala walituuliza, kule wapi?
Kulekule, tukawajibu.

Usiku ule Nyamwamba ilikuja na mawe.
Mawe kwanza, maji baadaye: gu, gudu, gu,
kama mtu anayehamisha makabati huko mlimani.
Kinasa sauti kilikuwa dirishani kikizunguka
kwa kuwa nilisahau kukizima.
Watu walilala fofofo.
Kule ndiye hakusikia kitu; alihisi sakafu kwa nyayo,
akatoka na shuka kiunoni,
akaweka viganja mdomoni,
akalia king'ora kizima, cha kupanda na cha kushuka.

Utepe unasema: tangu alipoanza hadi maji kugonga ukuta,
sekunde tisini na moja.

Mbambu anasema:
niliamka, nikafungua mbuzi,
nikatafuta kiatu cha kushoto, nikakipata,
nikakumbuka picha ya marehemu, nikarudi,
nikambeba mtoto wa jirani aliyekataa kubebwa,
nikapanda ngazi zote za mawe hadi shuleni.
Katikati nilipumzika.

Tulijaribu, mimi na Daktari,
mchana, juani, bila mbuzi.
Mtoto tulimwakilisha kwa gunia la mahindi.
Dakika kumi na moja.

Ripoti ilirudi kutoka Kampala na wino mwekundu:
Kosa la upimaji.
Daktari akagawanya, akagawanya tena,
akalikata neno kosa kwa mstari mmoja
na juu yake akaandika:
kule saba na robo.

Tulimpelekea Kule karatasi hiyo.
Aliisoma akiwa amesimama, kiko kimezimika,
kidole chake kikifuata kila tarakimu
mpaka kikafika kwenye robo, kikakaa hapo.

"HII," akapaza, na kuku wakatawanyika,
"HII NILIKUWA NAVUTA PUMZI."