Dawa ya Deni

Tarmo, mwana wa Helju mfumaji wa glavu,
ulirudi Haavametsa mwezi wa pili,
theluji imetufika magotini,
nawe umevaa viatu vya watu wa Tallinn.
Nilikujua kwa unavyofuta miguu mlangoni:
mara tatu, kama mama yako.

Habari zilikuwa zimekutangulia.
Umeuza kampuni, umeuza ile programu
inayomkumbusha mtu deni lake
asubuhi, adhuhuri, na tena usiku wa manane,
kwa adabu, kwa lugha arobaini,
isichoke, isione haya.
Mimi hukumbusha kwa kukohoa tu.

Hukuja na kamera wala mkasi wa kukatia utepe.
Uliomba kiberiti, ukakitia mfukoni, ukauliza:
"Leida, lile daftari bado lipo?"

Lipo. Jalada la bluu, harufu ya samaki wa chumvi.
Tangu kiwanda cha mbao kifungwe
limenenepa kuliko paka wangu.
Humo yumo Arvi, mkate na betri za redio;
yumo mwalimu Maimu, ambaye deni lake
huliandika mwenyewe, kwa hati ya ubaoni;
wamo pacha wa Koidu: maziwa, maziwa, maziwa,
na mstari mmoja wa keki,
siku walipotimiza miaka saba.

Ulisoma umesimama, kofia mkononi.
Wewe uliyeifundisha mashine kuhesabu
ukahesabu kwa vidole.
Ukalipa, ukalipa,
hata kalamu yangu ikaisha wino kwa kukata majina.

Ndipo nikakutolea lile la zamani, la enzi za krooni.
Sijui kwa nini. Labda uzee, labda ukorofi.
Ukurasa wa kumi na tisa, Helju Lepik:
unga,
mafuta ya taa,
daftari la hesabu la mtoto, moja.

Ulinyamaza mpaka nikasikia jokofu likinguruma.
Nikasema, hizi ni senti tu, tuzifute nazo.
Ukaweka kiganja juu ya karatasi.
"Hili liache. Hili acha nidaiwe."

Dawa ya deni kulipa, ndivyo isemwavyo,
na miaka arobaini na mitatu nyuma ya kaunta hii
sijaona mgonjwa mwenye fedha
akiisukuma dawa kando namna ile.

Kesho yake Maimu alinijia amewaka:
"Nani kanifutia? Nilibakiza yuro nne tu!"
Sikukutaja. Alizihesabu zote nne mezani,
akaondoka bila kuaga.
Jumatatu akaja Arvi. Mkate, betri.
Nikafungua ukurasa mpya.

Jioni, nikifunga hesabu, nikakumbuka.
Nikalichukua la zamani, ukurasa wa kumi na tisa,
na chini ya daftari la mtoto nikaandika
kwa wino mpya:
Tarmo, kiberiti, kimoja.