Mita Tatu

Nilichora uwazi chini ya ghorofa kumi na mbili, Ngara:
nguzo na upepo, basi,
kama nilivyouona Singapuri siku nne za semina,
wazee wakicheza drafti, baiskeli imelala ukutani,
hakuna anayedaiwa kodi ya kukaa.

Bwana Gichimu akaupima kwa kalamu yangu mwenyewe.
"Hapa halali mtu. Hapa hapauzwi mkate.
Huu upepo, Nduku, utailipa benki?"

Nikafuta. Raba ikaacha kijivu kwenye karatasi.
Yakaja maduka sita, na geti.

Mwaka wa tatu nimeitwa kukagua ufa.
Ghorofa ya tano, ngazi zinapokata kona,
pamebaki mita tatu ambazo si za mtu:
nilihesabu vidato vibaya,
na siku ya ukaguzi niliomba ardhi ipasuke.

Sasa pana kigoda.
Pana sukumawiki ndani ya debe la rangi.
Mtoto anagawanya mia na nane kwa tisa, sakafuni, kwa chaki,
na Bi Zulekha anachambua mchele
akingoja jirani amalizie kisa cha jana.
Upepo unaingia na vumbi lake, na chapati za watu.

"Wewe ni wa kaunti? Umekuja kupaziba?"

Nikakunja ramani.
Usipoziba ufa, tulifunzwa tangu shuleni.
Nikasema natafuta ufa tu, mama.

Akasogeza ungo.
"Basi kaa kwanza. Huo hauhami."