Lindo la Siku Kumi na Nne

Nimekabidhiwa risasi kumi, daftari,
na kiti cha plastiki chenye mguu uliofungwa waya.
Amri: linda mlango wa Mheshimiwa Mbuke Lushinge, diwani,
nyumba ya tatu ukishuka kutoka yale mawe mawili
yaliyobebana juu ya Igombe.
Sababu: kichwa cha sato kilichoachwa kizingitini,
mdomo umeshonwa kwa uzi wa wavu,
na kikaratasi chenye namba ya kiwanja cha mwaloni
alichokataa kukigawa.

Usiku wa kwanza. Hali shwari.
Taa za wavuvi wa dagaa zimejipanga ziwani
kama mtaa uliohama bila kuaga.
Saa nane mbwa alibweka. Nikauliza, nani?
Alikuwa mbwa mwingine.

Usiku wa tatu. Pikipiki, taa imezimwa,
ilipunguza mwendo mbele ya ua, ikaondoka.
Nimeandika: pikipiki.
Magoti yangu sikuyaandika,
daftari halina safu ya magoti.

Mumewe, fundi cherehani, analala na viatu.
Mtoto wao ameniuliza
kama bunduki nayo hufumba macho.

Siku ya sita, alfajiri, mama mwenye ndoo tupu
alifika hadi kwenye mnyaa,
akaiona bunduki kabla ya kuniona mimi,
akageuka.
Shida yake ni bomba. Ndoo tupu haipandi mlima huu
kuja kusalimia.
Siku ya saba waligeuka wanne.

Jioni Mheshimiwa akatoka, akasimama akizitazama nyayo
zilizofika nusu ya ua na kurudi.
"Konstebo Nsokolo," akasema,
"walioleta kile kichwa wanataka ninyamaze.
Wewe umeletwa nisife.
Mbona hapa mlangoni kazi zenu zinafanana?"

Chuoni Moshi hawakutufundisha jibu la hilo.
Nikahamishia kiti nyuma ya tangi la maji.
Hilo nalo sikuliandika.

Siku ya kumi gari la chakula halikufika,
mafuta yameisha kituoni.
Nimekula ugali wa anayelindwa,
dagaa wake, pilipili yake,
na akaniongezea bila kuniuliza.

Siku ya kumi na tatu, kikao cha baraza.
Nilisimama nyuma yake, mgongo ukutani.
Kiwanja kikasomwa tena, kwa jina jipya.
Akasema: Hapana.
Neno dogo. Feni ikaendelea kuzunguka.
Mtu wa safu ya nyuma akatoka kupiga simu.

Siku ya kumi na nne, lindo limefungwa.
Barua ya kuongeza muda ipo
mezani kwa mtu aliye safarini.
Nimerudisha risasi kumi, zimehesabiwa mara mbili.
Yeye hakuhesabiwa na mtu.

*

Jumamosi sikuwa zamu.
Nilivaa fulana, nikashuka Igombe kununua samaki,
miguu ikapita njia yake yenyewe.
Kiti changu kilikuwa mlangoni, yeye amekikalia,
mgongo ukutani, kama nilivyomwonyesha,
na watu tisa uani, wengine wamekalia ndoo zao.

"Mwangaluka," nikasema.
Mama wa bomba akanitazama mikono, yote miwili,
akasogeza ndoo yake kidogo.
"Kama una shida, foleni inaanzia huku."

Nikapanga.
Wa kumi, nimeipa barabara mgongo,
na kila pikipiki iliyopita
niligeuka.