Ua la Uani

Kwetu wanasema udongo uwahi ungali maji.
Nikauwahi. Aprili, mvua ya Dayton ingali inachuruzika kwenye mabati ya jirani,
nikazamisha sepeto nyuma ya nyumba ya kupanga
na kumbe nafyatua matofali.
Yalikaa pale hadi Agosti, magumu kama deni.

Methali ile ni ya mfinyanzi.
Mimi nilitaka mzizi upite.

Mwaka wa pili nikaanza kungoja.
Kila asubuhi nikirudi kutoka zamu ya usiku
ya kufua mashuka ya hospitali,
nilichota konzi moja, nikaiminya, nikaidonoa kwa kidole.
Ikinata: bado. Ikinata: nenda kalale, Mwanahawa.
Siku ya tisa donge likapasuka, likamwagika
kama ugali uliokosa mkono.
Sikulala siku hiyo.

Futi moja na nusu kwenda chini:
kijiko, vizibo vya bia, kigari cha bati kisicho na magurudumu,
changarawe ya mtu aliyetaka maegesho, akahama.
Nikachanganya majani ya mwaloni niliyookota barabarani
kwenye mifuko ya takataka za wenzangu,
yameoza, meusi, yananuka chai iliyosahauliwa.
Nikaongeza machicha ya kahawa ya kantini
anayonihifadhia Lamar kwenye ndoo ya achari.
Samadi mifuko miwili. Sikutia mchanga;
nilisikia mchanga na mfinyanzi wakioana huzaa saruji.

Dada yangu Sikudhani, Korogwe, akacheka kwenye simu mpaka salio likakata:
haibiskasi hutayarishiwa kitanda tangu lini?
Si unachomeka kijiti tu,
mbuzi akishindwa kukimaliza, kinakuwa ua?

Ni kweli. Kwetu lilikuwa ua la kuzungushia choo.
Tulibandika vikonyo puani tukawa majogoo,
tukanyonya utamu chini ya petali, tukatupa.
Hakuna aliyelimwagilia. Hakuna aliyeuliza linataka nini.

Huku nilinunua mche wa aina inayostahimili theluji,
bei nusu, majani yametobolewa na wadudu,
nikaupanda mahali jua linapokaa saa sita,
nikaumwagilia polepole, maji yashuke, yasikimbie.

Oktoba ikaja na jalidi usiku mmoja.
Lugha yangu ni bahili: neno moja, kazi tatu.
Ua, kilichonizunguka.
Ua, nilichongojea.
Ua, amri aliyopewa baridi, akaitii.
Nikakata vijiti vikabaki urefu wa kiganja,
nikavifunika majani, nikarudi kwenye mashuka.

Mei, kila kitu mtaani kikaamka, hata magugu ya kwenye lami.
Pangu kimya.
Tarehe mbili Juni nikachukua jembe kwenda kufukua maiti.
Sijui kwa nini nililiweka chini, nikapiga magoti, nikatumia vidole.
Kitu kikavunjika: tak.
Chipukizi jekundu, nene kama penseli ya mtoto.
Nimeliua mwenyewe. Nikalishika kiganjani, bichi, linatoa ute.
Pembeni yake, nikifukua kwa pumzi sasa,
lingine. Na lingine. Matano.

Sitasema mengi kuhusu Agosti.
Ua moja, pana kama sahani ya pilau,
lilifunguka nikiwa kazini
na jioni lilikuwa limejikunja
kama nguo ambayo mtu ameikamua akaghairi kuianika.
Siku moja tu. Nililiona nusu yake, usingizi machoni.

Nikampigia Sikudhani.
Akaniuliza kama limezungushia chochote.

Nikatazama kucha zangu:
mfinyanzi umeingia pale sabuni ya hospitali isipofika.
Kwenye tawi kulikuwa na tumba jingine, limefumba ngumi.
Zamu yangu ilikuwa saa nne.
Nikaketi karibu nalo na viatu vya kazi miguuni.